Samaki wa Kostiki, Jogoo wa Mnada

Katika jimbo la Wisconsin, nchini Marekani, ipo sheria inayomtaka mwajiri awaeleze wafanyakazi wake habari za sumu wanazokutana nazo kazini. Sheria hiyo inasema sumu ni nini, halafu inataja vitu ambavyo havihesabiwi kuwa sumu. Miongoni mwa vitu hivyo kimetajwa chakula cha Krismasi cha samaki kiitwacho lutefisk. Hakikuingia humo kwa bahati mbaya. Jimbo lile limejaa wajukuu wa wahamiaji kutoka Ujerumani, Norwe na Uswidi, wengi wao Walutheri, na watoto waliolelewa katika makanisa yao wamekua wakisikia utani kwamba samaki huyo ni sumu. Wabunge wakaona utani huo nao uwekewe kifungu chake.

Mimi ni Mlutheri wa Iringa. Nilibatizwa na kupata kipaimara katika Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania (KKKT), na sasa ninaishi Saint Paul, mji mkuu wa Minnesota, jimbo linalopakana na Wisconsin. Usharika ninaosali ulianzishwa na Wanorwe. Huku nimekuta watu wasiochoka kujicheka kwa vyakula vyao: samaki wa kostiki, bakuli za nyama na viazi zilizopikwa kwa supu ya kopo, saladi ya jeli ya kijani, kahawa isiyokwisha. Mgeni anaweza kudhani ni mzaha mtupu. Nataka kumweleza msomaji wa Kiswahili kwamba ndani ya mzaha huo kuna namna ya kuishi pamoja, na kwamba jambo hili linatuhusu hata sisi tunaonunua jogoo mmoja mara tatu kwenye mnada wa sadaka.

Samaki mwenyewe

Lutefisk huanzia visiwa vya Lofoten, kaskazini mwa Norwe. Huko wavuvi huvua samaki mkubwa mwenye nyama nyeupe, wao humwita torsk, na kumtundika kwenye chanja za miti tangu mwisho wa majira ya baridi. Hawamtii chumvi. Upepo na baridi humkausha mpaka anakuwa mgumu kiasi kwamba huwezi kumla bila kumponda kwa nyundo. Akishafika hapo, anaweza kukaa miaka bila kuoza.

Siku ya kuliwa ikikaribia, anarudishiwa ulaini. Kwanza analowekwa kwenye maji baridi kwa siku kadhaa. Kisha anatiwa kwenye maji makali, zamani yakiwa maji ya majivu ya miti, siku hizi ya kostiki ileile wanayotumia watengeneza sabuni. Humo anakaa kama siku mbili, anavimba na kulegea. Akitoka hapo ni hatari kweli, ukimla anaweza kukuunguza kinywa na koo. Kwa hiyo anaoshwa tena na tena kwa maji safi, siku baada ya siku, mpaka ukali wote uishe. Utani wa sumu una chimbuko lake.

Mama zetu wanaotia magadi kwenye maharage au makande ili yaive upesi wanaielewa kanuni hii vizuri, kwa kuwa magadi nayo hulainisha kilicho kigumu. Wanorwe wameifikisha kanuni hiyo mwisho wake. Samaki aliyeiva vizuri anang'aa, anatikisika kwenye sahani, na ukimgusa kwa uma anaachana vipande vipande. Akizidishwa dakika chache jikoni, anayeyuka na kuwa uji. Harufu yake inakupokea tangu maegesho ya magari. Vijiko vya fedha halisi haviletwi mezani kwa sababu vinaingia weusi. Wanorwe humla kwa siagi iliyoyeyushwa, Waswidi kwa mchuzi mweupe wa maziwa, na juu ya jambo hilo hawajapatana mpaka leo.

Hiki kilikuwa chakula cha akiba, cha watu wenye baridi ndefu na mavuno haba. Mwaka 1825 jahazi dogo liitwalo Restauration lilitoka bandari ya Stavanger na Wanorwe 52 kwenda Marekani. Katika miaka 100 iliyofuata Wanorwe zaidi ya 800,000 walihama nchi yao, na idadi kubwa walielekea Minnesota, Wisconsin na majimbo jirani. Sheria ya ardhi ya mwaka 1862 ilimwezesha mhamiaji kupewa ekari 160 akikubali kuzilima na kukaa. Serikali ya Marekani iligawa ardhi ambayo wenyeji wa asili, Wadakota na wengineo, walikuwa wameondolewa au wakiendelea kuondolewa kwa mikataba ya hila na kwa vita. Hilo nalitaja kwa sababu kila meza ina historia ya shamba lake, na wazee wa usharika wetu wenyewe wameanza kulisema wazi.

Wahamiaji hawa walijenga makanisa ya mbao kwenye mbuga zile, wakahubiri Kinorwe, Kiswidi au Kijerumani. Lugha hizo zilififia kadiri vizazi vilivyopita. Watoto walisoma Kiingereza shuleni, wajukuu wakaota ndoto kwa Kiingereza. Kilichobaki cha nchi ya mababu kikawa chakula cha Krismasi, na chakula hicho kilibaki kwa sababu kanisa lilikuwa na jiko.

Jiko la chini ya kanisa

Makanisa mengi ya Minnesota yana ukumbi chini ya ardhi. Juu kuna madhabahu na mabenchi, chini kuna jiko, meza ndefu na viti vya kukunja. Kuanzia Oktoba hadi Desemba sharika nyingi huandaa karamu ya lutefisk na kuwauzia tiketi watu wa karibu na mbali. Ukifika unapewa namba, unapanda kukaa kwenye mabenchi ya kanisani, na mara nyingi kuna mtu kwenye piano anayewaimbisha tenzi wakati mnasubiri. Namba yenu ikiitwa, mnashuka.

Mezani vyakula huja kwenye mabakuli makubwa yanayopita mkono kwa mkono: samaki, viazi vya kuchemsha, siagi ndani ya jagi, na vidonge vya nyama kwa ajili ya wale ambao samaki amewashinda. Vijana wa kipaimara wanakimbia na majagi ya kahawa. Wanaume wazima hupewa kazi ya kuchemsha samaki, mara nyingi kwenye banda la nje ili harufu isikae kwenye mapazia. Mwenye zamu hasimami mbali na sufuria hata dakika moja, kwa kuwa uzembe mdogo unageuza samaki wa watu 100 kuwa uji.

Kazi ninayoipenda ni ya lefse. Lefse ni mkate mwembamba wa viazi. Viazi vinachemshwa, vinapondwa mpaka hakuna hata donge, vinachanganywa na siagi na malai, vinapozwa usiku kucha, kisha vinatiwa unga. Donge dogo linasukumwa kwa mti wenye mistari juu ya ubao wa mviringo uliofunikwa kitambaa, mpaka uone nyuzi za kitambaa kupitia unga. Mkate unanyanyuliwa kwa fimbo nyembamba ya mbao na kulazwa juu ya kikaango kipana kikavu. Ukitoa madoa ya kahawia, unageuzwa. Mtu aliyelelewa kwenye chapati anaona jamaa yake mara moja, ingawa huyu ana ngozi laini zaidi na hapendi mafuta.

Wanawake wanaosimamia kazi hiyo katika usharika wetu wengine wamepita miaka 80. Nilipofika waliniheshimu kama mgeni, wakanikalisha mezani na kunimiminia kahawa. Siku moja bibi mmoja aliniuliza kama kwetu tunasukuma mikate. Nikamwambia Iringa hakuna mtoto wa kike wa rika langu asiyejua kusukuma chapati. Hakusema neno, akavua aproni yake akanifunga kiunoni. Wakaangalia mikono yangu kwa makini, mmoja akanielekeza nisibonye ukingo, mwingine akanisogezea unga. Tangu hapo sijakaribishwa tena kama mgeni, na nikichelewa kufika napigiwa simu.

Nguvu ya jiko hili ni kubwa kuliko inavyoonekana. Katika sharika nyingi za wahamiaji akina mama hawakuwa na kura kwenye mkutano wa usharika, lakini walikuwa na umoja wao, na umoja ulikuwa na kasha lake la fedha. Waliuza chakula cha jioni, kahawa, mikate na kazi za kushona. Fedha hizo zikanunua kengele, zikaezeka paa, zikamlipa mchungaji. Wanaume walipopitisha azimio la kujenga, mara nyingi walilazimika kuuliza jikoni kama fedha zipo.

Baadhi ya juhudi hizo zilifika hadi kwetu. Walutheri wa Marekani wenye asili ya Uswidi walikuwa na kanisa lililoitwa Augustana. Mwaka 1892 Emmy Evald aliasisi umoja wa wanawake wa kanisa hilo kwa ajili ya umisheni, na akina mama wakachanga senti kwa senti. Mwaka 1926 Augustana walianza umisheni Iramba, katika Singida ya leo. Msomaji wa Singida anayewajua wamisionari wale kwa majina ya wachungaji na madaktari avijue pia vyungu vilivyosimama nyuma yao.

Bakuli, jeli na kahawa

Lutefisk ni ya msimu. Chakula cha mwaka mzima ni hotdish. Hii ni nyama ya kusaga, mboga za kopo na supu nzito ya uyoga, vyote ndani ya bakuli moja la oveni, na juu yake vimepangwa vipande vidogo vya viazi vinavyokauka na kuwa vya dhahabu. Mapishi ya kale kabisa ya hotdish yanayojulikana yamo katika kitabu kilichotolewa mwaka 1930 na akina mama wa usharika wa Grace Lutheran, mjini Mankato, Minnesota. Huo ulikuwa wakati wa hali ngumu ya uchumi, na nyama kidogo ilipaswa kushibisha watu wengi. Mwaka 1934 kampuni ya Campbell's ikaleta supu ya uyoga ya kopo, na tangu hapo watu husema kwa utani kwamba supu hiyo ndiyo gundi ya Walutheri.

Halafu kuna jeli. Jell-O ilianza jimbo la New York mwaka 1897, lakini Walutheri wa Minnesota waliichukua wakaifanya saladi. Wanaitia karoti zilizokunwa, kabichi, matunda ya kopo, hata vipande vya peremende laini, kisha inagandishwa kwenye umbo la pete. Utani mmoja unasema rangi ya jeli lazima ifuate rangi ya kitambaa cha madhabahu: zambarau wakati wa Majilio, nyeupe kwa Krismasi, nyekundu kwa Pentekoste, na kijani kwa Jumapili zote zile ndefu baada ya Utatu. Mwanakwaya yeyote wa KKKT ataucheka utani huo bila kuelezwa zaidi, maana rangi ni zilezile.

Kahawa ina heshima yake ya pekee. Katika maonyesho makubwa ya kila mwaka ya Minnesota utawakuta Walutheri wakiuza kahawa ya yai: wanavunja yai zima na ganda lake, wanalichanganya na unga wa kahawa, wanachemsha. Yai linakamata machicha yote na kuyazamisha, na kahawa inatoka safi, bila uchungu. Mtu wa Kilimanjaro au Bukoba aliyekulia chini ya mibuni atashangaa, lakini akionja ataomba kikombe cha pili.

Akiomba, afuate utaratibu. Huku mtu akikukaribisha kahawa, unakataa. Akikukaribisha tena, unasema usisumbuke. Mara ya tatu unakubali, kwa sharti kwamba ilikuwa tayari imepikwa. Sahani ya keki ikibaki na kipande kimoja, hakuna atakayekichukua. Atakuja mmoja akikate nusu, mwingine akate nusu ya nusu, mpaka ukumbi unafungwa kimebaki kipande cha ukubwa wa ukucha. Nimeliona hilo kwa macho yangu baada ya ibada, na wenyewe wanaliona, wanacheka, na Jumapili ijayo wanarudia. Wamefundishwa tangu utoto kwamba mtu asichukue zaidi ya fungu lake.

Anayekutania ndiye atakayekuzika

Vichekesho vyenyewe ni vingi. Nitasimulia viwili ambavyo kila mtu anavijua. Familia moja ilivamiwa na vicheche chini ya sakafu ya nyumba. Wakashauriwa watupe lutefisk huko chini. Vicheche wakahama usiku uleule, lakini sasa chini ya nyumba kumejaa Wanorwe. Kingine ni hadithi ya Mtakatifu Patrick wa Ireland, kwamba aliwamwagia kostiki samaki wa mabaharia wa Kinorwe ili wafe, nao wakala, wakafurahi, wakaomba mapishi.

Utani huu umeingia hata kwenye michezo ya kuigiza na redio. Tangu mwaka 1974 Garrison Keillor alikuwa na kipindi cha redio kutoka Saint Paul, akisimulia habari za mji wa kubuni uitwao Lake Wobegon, wenye Walutheri wakimya wa Kinorwe, kahawa na jeli, na Marekani nzima ikamsikiliza. Mwaka 2005 ulianza mchezo wa kuigiza wenye nyimbo uitwao Church Basement Ladies, kuhusu akina mama wa jiko la chini ya kanisa, uliotokana na kitabu cha Janet Letnes Martin na Suzann Nelson, wanawake waliolelewa humohumo. Mji wa Madison, Minnesota, umejitangaza kuwa makao makuu ya lutefisk na kusimamisha sanamu ya samaki yenye urefu wa futi 25.

Sisi Watanzania tuna jina la jambo hili na tumeliishi vizazi vingi: utani. Wahehe na Wangoni walipigana vita vikali katika karne ya 19, na leo ni watani. Mhehe hawezi kutoka Iringa akafika popote nchini bila kuulizwa habari za nyama ya mbwa. Mhaya ataulizwa kuhusu senene wake, naye atajibu kwa kueleza wanavyokaangwa mpaka mwulizaji atokwe na mate. Chakula unachochekwa nacho ndicho kinachokutambulisha. Ukijifunza kukicheka mwenyewe kabla ya mwingine, hakuna awezaye kukutweza kwacho.

Utani wetu una upande wa pili, na huo ndio uliozidi kunifungua macho huku ugenini. Mtani ana ruhusa ya kukukebehi kwa sababu ana wajibu kwako. Kwenye msiba mtani ndiye anayeingia kuzuia jeneza, kuiga marehemu alivyotembea, kudai apewe chochote, na kazi ngumu za mazishi zikifika, yeye ndiye anayezishika. Mtu asiyekuja msibani kwako hana haki ya kukutania.

Walutheri wa Minnesota hawana jina kwa hilo, lakini wanalitenda. Msharika akifa, simu zinapigwa jikoni kabla maua hayajaagizwa. Wafiwa wanaporudi kutoka makaburini wanakuta meza tayari: mikate yenye siagi na nyama ya nguruwe, hotdish, kachumbari za chupa, jeli, keki za kukatwa miraba, kahawa. Chini ya kila bakuli kuna kipande cha plasta chenye jina la mwenyewe, kama vile akina mama wa Iringa wanavyotia alama ya rangi ya kucha kwenye sufuria ili zisipotee msibani. Ile jeli iliyochekwa mwaka mzima sasa iko mbele ya mjane, na hakuna anayecheka. Anakula vijiko viwili kwa kuwa hicho ndicho chakula pekee kinachokubali kupita kooni mwake.

Nimesimama upande wa jiko siku kama hiyo, nikifuta vikombe, na nikaelewa kwa nini kichekesho kinapaswa kulindwa. Watu wanaoweza kuchekana kwa jeli wamekwisha kuahidiana kitu kikubwa.

Jogoo aliyeuzwa mara tatu

Nyumbani Iringa kichekesho chetu cha chakula hutokea nje ya mlango wa kanisa. Ibada ikiisha, washarika hutoka kwa maandamano na wimbo, wanasimama kwa duara uwanjani, na sadaka za mazao zinaletwa katikati: debe la mahindi, boga, mafungu ya viazi, mayai kwenye kikapu, jogoo aliyefungwa miguu. Mzee wa kanisa mwenye sauti anashika jogoo, anamwinua juu, na kuanza kumsifu kwamba huyu anawika kwa sauti ya besi, kwaya ya vijana imekosa mtu wa namna hiyo.

Bei inapanda haraka kuliko sokoni, kwa sababu hakuna anayenunua nyama. Mtaa mmoja unashindana na mwingine. Mama wa kwaya anaongeza shilingi mia tano, kijana anaongeza elfu, umati unapiga vigelegele. Aliyeshinda analipa kisha anasema jogoo huyu namrudisha, auzwe tena. Anauzwa. Wa pili anamzawadia mchungaji, mchungaji naye anamrudisha mnadani. Yai moja linaweza kununuliwa na watu watano waliochanga, na asilichukue hata mmoja wao. Mgeni akiinua mkono kusalimia, mnadishaji anamhesabia ameongeza dau, na uwanja mzima unamwangalia huku ukicheka mpaka atoe.

Sadaka ya mtu asiye na fedha inapata heshima kuliko noti ya mwenye duka. Bibi aliyeleta mayai matatu anaona mayai yake yakigombewa na watu wazima. Kicheko ndicho kinachoondoa aibu: hakuna anayepima nani katoa nini, kwa kuwa wote wameshughulika na jogoo. Paa nyingi za makanisa ya vijijini zimeezekwa kwa minada hii, sawasawa na makanisa ya mbao ya Minnesota yalivyoezekwa kwa tiketi za samaki.

Tangu mwaka 1987 sharika za eneo la Saint Paul na zile za Dayosisi ya Iringa zina udugu unaoitwa Bega kwa Bega, kwa Kiswahili hichohicho pande zote mbili. Wageni wa Minnesota wanaofika Iringa hupewa kuku hai, na hushika kuku huyo kwa mikono miwili, wakiwa wamekaza mwili, hadi mtoto mmoja aje kuwaonyesha namna ya kumbana kwapani. Wageni wa Iringa wanaofika Minnesota huwekewa lutefisk, nao huisalia kwa muda mrefu kuliko kawaida. Pande zote mbili hurudi nyumbani na hadithi. Nimesikia hadithi hizo pande zote mbili za bahari, na nina hakika zimefanya kazi ambayo ripoti za miradi haziwezi kufanya.

Meza ikiwa ukuta

Kuna jambo lazima lisemwe kwa uzito uleule. Kichekesho kinachowaunganisha walio ndani kinaweza kumfungia nje aliyefika jana. Kanisa kubwa la Kilutheri la Marekani, ELCA, lilianza mwaka 1988 likiwa na waumini zaidi ya milioni tano, na leo hawafiki milioni tatu. Karibu wote ni Wazungu. Mwaka 2019 mchungaji Mweusi Lenny Duncan aliandika kitabu, Dear Church, akilieleza kanisa hilo kwa upendo na kwa ukali kwamba limefanya asili ya watu wake kuwa imani. Mtu asiye na bibi wa Kinorwe akikaa ukumbini na kusikia kila Jumapili kwamba Mlutheri halisi ni mtu wa jeli na lutefisk, atajiuliza anafanya nini pale.

Wakati huohuo Ulutheri wenyewe umehamia kwingine. KKKT, iliyoundwa mwaka 1963 kwa kuunganisha makanisa saba, ina waumini wanaotajwa kuwa zaidi ya milioni nane. Ethiopia wako wengi zaidi. Mlutheri wa kawaida wa leo ana uwezekano mkubwa wa kula ugali au injera kuliko lefse. Kwa hiyo wajukuu wa Wanorwe wakisema chakula chetu, wanapaswa kuisema sentensi hiyo wakijua jinsi familia ilivyokuwa kubwa.

Sitaki waache samaki wao. Usharika unaotupa mapishi yake ili usimchukize mgeni utakuwa ukumbi wa mikutano tu, na mgeni hatapata nyumba ya kuingia. Ninachotaka ni kile alichonifanyia yule bibi wa lefse. Wahenga wetu walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, na watu huisema methali hiyo wakidhani inamwonya mgeni mvivu. Mimi naisoma kama amri kwa mwenyeji: usimwache mtu akae mezani kwako miaka kumi akimiminiwa kahawa. Mpe ubao, mpe unga, mwache akosee, mtanie, naye akutanie. Katika usharika wetu karamu ya vuli sasa ina sambusa za Waethiopia na Waeritrea kando ya vidonge vya nyama, na mzee mmoja wa Kinorwe amekwisha kutunga vichekesho kuhusu pilipili ya sambusa hizo. Hiyo ni dalili njema.

Na hili liwe neno kwetu pia. Sharika za Dar es Salaam zina watu wa kila kabila, na wageni kutoka Kongo na Burundi. Tukiangalia nani hupika na nani hupakuliwa tu, nani anajua vichekesho vya mnada na nani anasimama pembeni akitabasamu bila kuelewa, tutaona haraka nani bado hajapewa jembe.

Mtoto wa kipaimara, awe Kilolo au Minneapolis, hufundishwa Katekisimo Ndogo ya Martin Luther ya mwaka 1529. Akifika kwenye Sala ya Bwana huulizwa mkate wa kila siku ni nini, na jibu la Luther haliishii kwenye chakula na kinywaji. Linataja nguo, nyumba, shamba, mifugo, serikali njema, hali nzuri ya hewa, na mwishoni kabisa marafiki wema na majirani waaminifu. Nilikariri orodha hiyo ili nifaulu mtihani wa mchungaji. Sasa naiona kuwa maelezo sahihi ya kinachotokea jikoni na mnadani: jirani mwaminifu yumo kwenye sahani ileile na samaki, na usharika unaomwomba Mungu mkate umekwisha kumwomba na mtu wa kuula naye.